Je, Wajua? Vitabu Vilivyozaliwa Msibani

Je, wajua kwamba Sayyida Salme, binti wa Sayyid Said bin Sultan wa Unguja, alijifunza kuandika kwa kificho, kwenye mfupa wa bega la ngamia? Mabinti wa jumba la kifalme walifundishwa kusoma Kurani, basi. Kuandika waliachiwa wanaume. Mfupa ule mpana ndio uliokuwa ubao wa watoto wa chuo. Salme akautwaa, akafungua msahafu, akawa anaiga herufi moja baada ya nyingine mpaka mkono ukazoea. Mwaka 1859 mama yake alikufa kwa kipindupindu, na mwaka huohuo kaka yake Barghash akajaribu kutwaa kiti cha usultani. Waliokula njama walihitaji mtu wa kuwaandikia barua, na aliyepatikana ni msichana wa miaka 15 aliyejifundisha kwenye mfupa. Njama zikashindwa. Mwaka 1866 akatoroka Unguja akiwa mjamzito, ndani ya manowari ya Kiingereza, akashukia Aden. Huko akabatizwa, akaolewa na mfanyabiashara Mjerumani, akawa Emily Ruete wa Hamburg. Miaka mitatu tu baada ya ndoa, mumewe akauawa na tramu.

Fikiria hali hiyo: mjane wa miaka 25, nchi ya baridi, lugha ya kuazima, watoto watatu na wa mwisho bado mchanga, urithi wa nyumbani amenyimwa. Alifundisha Kiarabu ili watoto wale. Kisha akaanza kuandika, si kwa ajili ya wachapishaji, bali ili wanawe wajue mama yao alitoka wapi. Kumbukumbu zake zilitoka Berlin mwaka 1886. Alipofariki Jena mwaka 1924, katika vitu alivyoacha kulikuwa na kifuko cha mchanga wa pwani ya Unguja.

Naanza na mfupa ule kwa sababu kwa muda mrefu niliamini kwamba vitabu vya majonzi huandikwa machozi yakishakauka, mtu akiwa ameketi kitako, ametulia, anatazama nyuma. Nilipoanza kufuatilia vilivyoandikwa hasa, nikakuta sivyo. Vingi vimeandikwa jicho lingali bichi, na mtu ambaye wakati mwingine hata karatasi hana. Kwetu matanga yakianuliwa, mikeka hukunjwa, sufuria za kuazima hurudishwa kwa wenyewe, na mfiwa hubaki peke yake na nyumba iliyokaa kimya. Vitabu nitakavyovitaja hapa vimeanzia saa hiyo.

Je, wajua kwamba utenzi maarufu wa mawaidha, Utendi wa Mwana Kupona, uliandikwa na mgonjwa? Mwana Kupona binti Mshamu alikuwa mke wa Bwana Mataka, mtawala wa Siyu aliyepambana na majeshi ya Sultani wa Unguja. Mumewe alifariki mwaka 1856. Mwaka 1858 Mwana Kupona akamwita binti yake aje na wino na karatasi, akamweleza kwamba maradhi yametimiza mwaka mzima, akaanza kumuusia. Beti zaidi ya 100. Kiasi cha miaka miwili baadaye naye akafariki.

Shuleni tulifundishwa utenzi huu kama orodha ya adabu za mke kwa mumewe, na hadi leo watu hugombana juu ya hizo adabu, wengine wakiziona zimepitwa na wakati. Wana haki ya kugombana. Lakini ningependa mwalimu yeyote anayeufundisha aanze na kile kitanda. Pale amelala mama anayejua kwamba hatakaa tena na binti yake, na hana kingine cha kumwachia ila maneno, kwa hiyo anayapanga kwa vina ili yasipotee njiani. Ukiusoma hivyo, hata sehemu usizokubaliana nazo zinakushika koo.

Je, wajua kwamba Shaaban Robert naye alipita njia hiyohiyo? Haikutimia karne moja tangu Mwana Kupona, mwandishi huyu wa Tanga, karani wa forodha wakati fulani, akafiwa na mkewe Amina na kubaki na watoto wadogo. Ndani ya Maisha Yangu limo shairi la kumlilia Amina, na zimo tenzi mbili alizowatungia watoto: Adili kwa mwanawe wa kiume, Hati kwa binti. Mwanamume aliyefiwa, badala ya kunyamaza kama wanaume wa zama zake walivyotarajiwa, akashika kalamu kufanya kazi ya mama. Watu wengi wanamjua Shaaban Robert wa Kusadikika na Adili na Nduguze. Mimi namrudia zaidi huyu mgane wa Maisha Yangu.

Na je, wajua kwamba kuna kitabu kilichoanza kinyume chake, mzazi akimwandikia mtoto aliyelala asiamke? Desemba 1991 Paula, binti wa mwandishi Isabel Allende wa Chile, aliugua ghafla akiwa Madrid, akazama katika usingizi wa mahututi. Mama yake ana desturi ya kuanza kila kitabu tarehe 8 Januari. Tarehe hiyo ilipofika mwaka 1992 akaanza kuandika kando ya kitanda, barua ya kumsimulia binti habari za ukoo wao, ili akizinduka asijikute amepotea. Paula hakuzinduka. Alifariki tarehe 6 Desemba mwaka huohuo. Barua ikawa kitabu mwaka 1994, na jina lake ni Paula, hakuna la ziada.

Je, wajua kwamba diwani ya Sauti ya Dhiki iliandikwa kwenye karatasi za chooni? Abdilatif Abdalla wa Mombasa alikuwa kijana wa miaka 22 alipoandika waraka wa Kenya: Twendapi? mwaka 1968, akihoji serikali inaipeleka nchi wapi. Jibu lilikuwa kifungo cha miaka mitatu, katika magereza ya Kamiti na Shimo la Tewa, sehemu kubwa akiwa amefungiwa peke yake. Kalamu na daftari hakuruhusiwa.

Hapa nataka tukae kidogo, maana jambo hili halisemwi vya kutosha. Shairi la mizani na vina lina kazi gerezani ambayo nathari haiiwezi: linakaa kichwani. Mtu akitunga ubeti wa mishororo minne, kila kipande mizani nane, vina vya kati na vya mwisho vimepangika, anaweza kuutembeza mdomoni usiku kucha bila karatasi, kisha alfajiri akautia kwenye kipande chochote atakachopata. Askari akikinyang'anya, ubeti haujaenda popote. Wazee wetu wa Mvita na Lamu walipoziweka kanuni zile hawakuwa wakifikiria jela, lakini ndizo zilizomtunza mfungwa. Shairi mojawapo la Abdilatif linaitwa Siwati, yaani siachi. Kitabu kilitoka mwaka 1973, mwaka mmoja baada ya yeye kufunguliwa, na mwaka 1974 kikapewa tuzo ya fasihi ya Jomo Kenyatta. Ndiyo, jina la rais yuleyule ambaye serikali yake ilimfunga. Majaji wa tuzo ile walifanya jambo la kishujaa, na wanastahili kukumbukwa kwa hilo.

Ngũgĩ wa Thiong'o alipoletwa Kamiti siku za mwisho wa mwaka 1977, akapewa namba K6,77 badala ya jina, yeye alikuwa na kazi ngumu zaidi: riwaya nzima, kwa Kigikuyu, kwenye karatasi zilezile za chooni. Karatasi zenyewe zilikuwa ngumu, za kukwaruza, mateso kwa mwili lakini zikistahimili kalamu ya wino. Riwaya huwezi kuibeba kichwani kama shairi. Kwa hiyo siku askari walipopekua chumba na kuondoka na lile rundo, alipoteza kila kitu kwa mkupuo mmoja. Lilirudishwa baada ya wiki tatu. Wasomaji wa Kiswahili wanakijua kitabu hicho kwa jina la Shetani Msalabani.

Na Misri? Septemba 1981, daktari na mwandishi Nawal El Saadawi alitiwa jela ya wanawake ya Qanatir. Kumbukumbu zake za huko aliziandika kwa kalamu ya wanja wa nyusi aliyopenyezewa na mfungwa mwenzake. Karatasi, utakisia mwenyewe.

Mandela, kisiwani Robben, aliandika kumbukumbu zake usiku kwa siri, na muswada ukafukiwa bustanini ndani ya makopo. Mwaka 1977 wajenzi wa ukuta, katika kuchimba, wakaufikia. Wakuu wa gereza wakamnyima haki ya kusoma kwa miaka minne. Bahati njema, mfungwa mwenzake Mac Maharaj alikuwa ameshaondoka kisiwani na nakala iliyoandikwa kwa herufi ndogo kama chawa.

Nchini Kenya, mwandishi Gakaara wa Wanjaũ aliweka shajara miaka ya kizuizi cha Mau Mau, tangu 1952. Ilichapishwa kwa Kigikuyu mwaka 1983, na mwaka uliofuata ikapata Tuzo ya Noma. J.M. Kariuki alizungushwa katika kambi 14 kati ya 1953 na 1960, na kitabu chake tunacho kwa Kiswahili: Mau Mau Kizuizini.

Je, wajua kwamba kitabu cha Viktor Frankl kuhusu maana ya maisha kilisemwa kwa siku tisa tu? Lakini siku hizo tisa zilikuwa na historia. Frankl, daktari wa akili wa Vienna, alikuwa na muswada wa kitabu kingine, kazi ya miaka, ameushonea ndani ya bitana ya koti. Alipofikishwa kambi ya Wanazi ya Auschwitz mwaka 1944 koti likachukuliwa pamoja na nguo zote. Akapewa matambara ya mtu aliyekwisha kuuawa, na mfukoni akakuta ukurasa mmoja uliochanwa kutoka kitabu cha sala za Kiyahudi. Hicho ndicho alichopata badala ya kitabu chake.

Majira ya kuchipua ya 1945, akiwa na homa ya tifasi katika kambi nyingine, alijilazimisha kukesha usiku ili asizidiwe, akiandika vidokezo vya muswada ule uliopotea kwenye vipande vya karatasi alivyoletewa na rafiki. Aliporudi Vienna akakuta mama, kaka na mkewe Tilly wote wamekufa makambini. Ndipo akasema maneno ya kitabu kile, makarani wakiandika, siku tisa mfululizo. Hakutaka hata jina lake litajwe. Alitaka kiwekwe namba yake ya kambini tu, 119104. Marafiki ndio waliomshawishi. Kilitoka mwaka 1946. Nimekutana na watu wanaokisoma kama kitabu cha kutia hamasa kazini, na sipendi wanavyokisoma. Ni kitabu cha mtu asiye na nyumba ya kurudi.

Na je, wajua kwamba mchapishaji mkubwa wa Italia, Einaudi, alikikataa kitabu cha Primo Levi kuhusu Auschwitz? Kikatoka mwaka 1947 kwa mchapishaji mdogo, nakala 2,500. Einaudi haohao wakakichapisha mwaka 1958, na leo ni miongoni mwa vitabu vinavyosomwa sana kuhusu maafa yale.

Haya, twende haraka kidogo.

Je, wajua kwamba Maya Angelou wa Marekani hakusema na watu kwa takribani miaka mitano utotoni? Alinajisiwa akiwa mtoto, akamtaja aliyemtenda, mtu huyo akauawa, mtoto akaamini kwamba sauti yake ndiyo iliyoua. Aliyemrejesha ni mama mmoja wa mtaani, Bibi Flowers, aliyemwazima vitabu kwa sharti moja: avisome kwa sauti. Kumbukumbu zake zilitoka mwaka 1969.

Je, wajua kwamba herufi moja ya jina la Wangari Maathai ni kovu la talaka? Mumewe alipomwacha alimtaka aache kutumia jina la Mathai. Wangari akaongeza "a" moja, likawa lake. Baada ya kesi alimkosoa jaji hadharani, akahukumiwa miezi sita, akakaa siku tatu. Alieleza haya yote katika Unbowed, mwaka 2006, miaka miwili baada ya Nobel.

Je, wajua kwamba mwanamke wa kwanza tunayemkumbuka kwa santuri za Kiswahili aliwahi kutembeza vyungu? Siti binti Saad alizaliwa Fumba, katika watu wa kufinyanga, akaachika, akaingia mjini bila kujua kusoma. Mwaka 1928 alikuwa Bombay akirekodi. Aliyeandika wasifu wake ni yuleyule Shaaban Robert, na nadhani hilo si bahati nasibu. Mtu aliyekwisha kuumia humtambua mwenzake.

Je, wajua kwamba kuna kitabu kilichoandikwa kwa kope? Jean-Dominique Bauby, mhariri wa gazeti la mitindo huko Paris, alipata kiharusi Desemba 1995. Mwili karibu wote ukapooza isipokuwa jicho la kushoto. Msaidizi wake alimsomea alfabeti iliyopangwa upya, herufi zinazotumika sana kwa Kifaransa zikitangulia: E, S, A, R, I, N. Ikifika anayoitaka, anapepesa. Jaribu neno moja tu, jina lako, usome alfabeti polepole na mwenzio apepese, uone muda unaopita. Yeye alifanya hivyo mara zinazokadiriwa kufika 200,000. Sentensi zote alikuwa ameshazitunga na kuzihariri kichwani alfajiri, kabla msaidizi hajafika. Kitabu kilitoka Machi 1997. Siku chache baadaye akafariki.

Tupunguze mwendo tena.

Je, wajua kwamba C.S. Lewis, mwandishi wa hadithi za Narnia, alizawadiwa kitabu chake mwenyewe? Mkewe Joy alifariki kwa saratani mwaka 1960. Lewis alitafuta madaftari matupu nyumbani, akaanza kumwaga humo hasira, shaka, maswali makali kwa Mungu aliyekuwa amemhubiri kwa miaka mingi. Alijiwekea mpaka: yakijaa hayo yaliyomo ndani ya nyumba, basi, hanunui mengine. Yalipatikana manne. Mwaka 1961 akayachapisha kwa jina la uongo, N.W. Clerk, ili asijulikane. Rafiki zake, wakimwona anavyonyong'onyea, wakamletea kitabu kipya cha Bwana Clerk, wakimwambia kitamsaidia.

Madaftari yale manne yananikumbusha moja la nyumbani kwetu. Ni daftari la rambirambi za msiba wa baba, lile refu la jalada gumu. Mbele kuna majina kwa mwandiko wa mjomba: nani katoa shilingi ngapi, nani kaleta mchele kilo 10, nani kuni. Miaka ilipita ndipo nikaligeuza. Kurasa za nyuma kuna mwandiko wa mama, kwa penseli, tarehe na jambo moja kila siku. Leo nimepalilia mihogo. Leo nimefua shuka zake. Leo mtoto kacheka. Zaidi ya miezi minne ameandika, eda nzima, mstari kwa mstari, kisha panabaki patupu. Sikumwambia kwamba nimeona. Nililirudisha sandukuni lilipokuwa, chini ya kanga.

Je, wajua kwamba mwandishi Joan Didion wa Marekani hakuweza kugawa viatu vya marehemu mumewe? John Gregory Dunne alianguka mezani wakati wa chakula cha jioni, tarehe 30 Desemba 2003, wakiwa wametoka tu kumwona binti yao hospitalini. Nguo nyingine alizitoa. Viatu akashindwa, kwa sababu akirudi atavaa nini? Alijua fika kwamba maiti harudi, na bado aliviacha pale. Kitabu alichoandika juu ya mwaka huo, The Year of Magical Thinking, alikimaliza kwa siku 88. Kabla hakijafika madukani mwaka 2005, binti naye akafariki. Didion hakubadilisha neno. Kitabu kilikuwa cha mumewe. Cha binti alikiandika baadaye, Blue Nights, mwaka 2011.

Aliyefua nguo za marehemu, akazikunja, akashindwa kuamua zipelekwe wapi, hahitaji kufafanuliwa habari ya vile viatu.

Mwandishi Chimamanda Ngozi Adichie naye alifiwa na baba yake nchini Nigeria Juni 2020, viwanja vya ndege vikiwa vimefungwa kwa sababu ya korona, yeye akiwa Marekani. Akaandika Notes on Grief. Kitabu kikiwa njiani kutoka, tarehe 1 Machi 2021, mama yake akafariki. Tarehe hiyo ndiyo aliyozaliwa baba.

Je, wajua kwamba kuna mtu aliyejifunza Kiingereza akiwa amejificha chooni? Mwaka 1994, wakati wa mauaji ya kimbari, Immaculée Ilibagiza, mwanafunzi wa chuo kikuu nchini Rwanda, alifichwa na mchungaji mmoja pamoja na wanawake wengine saba katika bafu dogo, upana na urefu wake wa kunyoosha mkono tu. Siku 91. Walikaa kwa zamu, wakaminyana, wakasali bila sauti. Ni yeye aliyemsihi mchungaji asukume kabati likafunika mlango, na wauaji walipopekua nyumba, kabati hilo ndilo lililowaokoa wanawake hao. Humohumo akaomba kamusi ya Kifaransa na Kiingereza na vitabu viwili, akaanza kujifunza neno kwa neno. Wazazi wake na kaka zake wawili walikuwa wameuawa, na yeye alikuwa akijitayarisha kwa kazi ambayo haikuwepo bado. Baadaye aliipata, katika ofisi za Umoja wa Mataifa mjini Kigali. Kitabu chake, Left to Tell, kilitoka mwaka 2006. Kila nikisoma juu ya lile bafu, kinachonikaa si woga wao. Ni ile kamusi.

Je, wajua kwamba vijana wa Kenya walifanyia mtihani wa taifa riwaya ya kufiwa na kuanza upya? Chozi la Heri ya Assumpta K. Matei ilitahiniwa katika KCSE kuanzia 2018. Nchi yenyewe ni ya kubuni, lakini hakuna Mkenya asiyeona ndani yake moto wa baada ya uchaguzi wa 2007, uliopoteza maisha ya watu zaidi ya 1,100. Ridhaa, daktari, anachomewa nyumba na jamaa zake wakiwemo. Mwanawe Mwangeka, mgane, anakuja kumwoa Apondi, naye mjane, na msichana Umulkheri aliyepoteza nyumba na ndugu zake anapata wazazi kwao. Wanafunzi waliikariri kwa sababu ya maswali ya dondoo. Wengi wao walikuwa chekechea ule moto ulipowaka. Wengine walilala kambini. Matei aliwapa lugha ya kulizungumza jambo ambalo nyumbani wazazi walilinyamazia.

Je, wajua kwamba waliookolewa utumwani na uzao wao waliandikiwa kitabu kwa Kiswahili mapema kabisa? Uhuru wa Watumwa cha James Mbotela kilichapishwa mwaka 1934. Mbotela alikuwa wa Freretown, kijiji kilichoanzishwa na wamisheni karibu na Mombasa miaka ya 1870 kwa ajili ya watu walioshushwa kutoka majahazi ya watumwa. Kitabu kina upande wake. Kinawasifu Waingereza kupita kiasi, na msomaji wa leo atakuwa na la kusema. Hata hivyo kinatuonyesha Wayao, Wamakua, Wanyasa, watu wasiojuana, kila mmoja kapotezewa mama na jina la kijiji chake, wakijifunza kuitana ndugu kwa Kiswahili. Kengele yao ya tahadhari ingali imesimama, na kituo cha basi hapo kinaitwa Kengeleni. Makondakta hulitaja jina hilo mchana kutwa.

Na kabla ya hao wote, pwani ilikuwa na Utenzi wa Ayubu, kisa cha Mtume aliyepoteza mali, watoto na afya, kikasomwa kwa sauti majumbani kizazi hadi kizazi.

La mwisho. Je, wajua kwamba mwandishi Abdulrazak Gurnah alianza kuandika kwa upweke? Aliondoka Unguja akiwa kijana baada ya Mapinduzi, akafika Uingereza, na hakuweza kurudi kuwaona wazazi mpaka 1984. Aliandika kwa Kiingereza, na mwaka 1994 akatoa Paradise, habari ya Yusuf, mvulana wa miaka 12 anayechukuliwa na tajiri Aziz kama rehani ya deni la baba yake. Yusuf anadhani yule ni mjomba wake. Njiani na dukani anasahihishwa: usimwite mjomba, mwite Seyyid.

Nobel ilikuja mwaka 2021. Tafsiri ya Kiswahili, Peponi, kazi ya Ida Hadjivayanis, ilitoka Dar es Salaam mwaka 2022 kwa Mkuki na Nyota. Miaka 28 Yusuf alikuwa akizungumza na baba yake, mama yake na tajiri wake kwa lugha ambayo hakuna hata mmoja wao aliyeijua. Fungua kurasa za mwanzo za Peponi usikie anavyowaita sasa.